Sikio huokolewa kaunta ya famasi kabla ya kufika maabara

Tangu Januari 2024, kila baada ya miezi michache simu za hapa Lubumbashi, Kongo, hupokea video ileile kwa sura mpya: mtoto aliyezaliwa kiziwi anageuza kichwa baada ya kuitwa, na chini yake pameandikwa kwamba uziwi umepata dawa. Habari yenyewe ni ya kweli. Mwezi huo watafiti wa Shanghai walieleza kwamba kati ya watoto sita waliotiwa jeni mpya ndani ya sikio, watano walianza kusikia. Na hospitali ya watoto ya Philadelphia, Marekani, ikatangaza mvulana wa miaka 11, mzaliwa wa Moroko, aliyesikia sauti kwa mara ya kwanza. Kinachopotoka ni usomaji wake huku kwetu. Wazazi wa mtoto aliyepoteza kusikia baada ya wiki mbili za sindano wanaambiwa wasubiri, dawa inakuja. Haiji kwa mtoto huyo. Utafiti unaomhusu ulishafanyika zamani, jibu lake linajulikana, na mahali pa kulitumia ni pale ordonansi, yaani karatasi ya dawa iliyoandikwa na daktari, inaposomwa, kabla ampuli ya kwanza haijavunjwa shingo. Tena ordonansi ikisomwa hivyo, bili ya mgonjwa hupungua. Mambo haya mawili, sikio na mfuko, yamezoeleka kujadiliwa kila moja peke yake, na hapo ndipo tunapojikwaa.

Kwanza tuelewe video hiyo inaonyesha nini. Watoto wale walikuwa na kasoro katika jeni moja iitwayo OTOF, inayotengeneza protini ya otoferlini. Seli za sikio lao, zile zenye vinyweleo vinavyotikiswa na sauti, zilikuwa nzima. Zilichokosa ni protini ya kupitisha ujumbe hadi kwenye mshipa wa fahamu. Redio inafanya kazi, waya wa spika haujaunganishwa. Jeni hiyo ni kubwa mno kuingia ndani ya kirusi kimoja cha kubebea, hivyo watafiti waliikata vipande viwili, wakaiweka katika virusi viwili, nayo ikaungana upya ndani ya seli. Ni kazi ya ajabu. Lakini kasoro ya OTOF inakadiriwa kuwa asilimia 1 hadi 8 tu ya uziwi wa kuzaliwa nao, na tiba inategemea seli ziwe hai. Kila sikio la binadamu lina seli za namna hii zipatazo 15,000, na ikifa moja haioti tena. Kuku (ndiyo, huyu huyu wa sokoni) akiharibiwa seli zake huota mpya baada ya wiki chache, sisi hapana. Kampuni moja ya Marekani, Frequency Therapeutics, ilijaribu kuziotesha kwa dawa ya kuchomwa sikioni iliyoitwa FX-322, na Februari 2023 jaribio lake kubwa likashindwa kuonyesha faida yoyote. Kwa hiyo aliyepoteza seli kwa dawa, kwa homa ya uti wa mgongo au kwa kelele za mashine hayumo kwenye video ile.

Shirika la Afya Duniani, WHO, lilikadiria mwaka 2021 kwamba karibu asilimia 60 ya upotevu wa kusikia kwa watoto hutokana na sababu zinazoweza kuzuiwa. Katika sababu hizo zimo dawa zenyewe. Kundi linaloongoza ni la aminoglikosidi, dawa za kuua bakteria: streptomisini, kanamisini, amikasini, na ile ambayo kila muuguzi wa Katuba au Ruashi anaijua kwa jina fupi la jenta. Jentamisini huingia ndani ya seli ya kusikia kwa kupitia mlango uleule unaofunguliwa na sauti, hubaki humo muda mrefu kuliko inavyobaki kwenye damu, na huiua seli kwa sumu za oksijeni. Huanza na seli za sauti nyembamba. Ndiyo maana mgonjwa haoni kitu siku za mwanzo: anasikia mazungumzo vizuri, ila masikio yanalia, halafu taratibu herufi za s, f na sh zinapotea, «saba» na «haba» zinakuwa neno moja. Kwa wengine inaanza kizunguzungu, kwa sababu kiungo cha mizani kimo humo humo ndani. Na uharibifu unaweza kuendelea wiki kadhaa baada ya sindano ya mwisho, ndipo familia inatafuta aliyemroga. Madaktari walishaandika madhara haya kwa wagonjwa wa streptomisini katika miaka ya 1940, dawa yenyewe ikiwa bado changa.

Anayedhani kwamba kubadili orodha ya dawa hakusaidii aangalie kifua kikuu sugu. Hadi miaka michache iliyopita mgonjwa wake alichomwa kanamisini au kapreomisini kwa miezi minne hadi minane, na wengi walipona mapafu wakatoka viziwi. Mwaka 2018 WHO ilitangaza kuziondoa dawa hizo mbili kwenye matibabu, na mwaka 2020 ikapendekeza tiba fupi ya vidonge pekee yenye bedakilini. Mwaka 2022 ikaja ya miezi sita. Amikasini ikaachwa kwa hali za lazima tu, tena pale penye uwezo wa kupima masikio mara kwa mara. Na bei? Kozi ya bedakilini ya miezi sita ilikuwa dola 400 mwaka 2018 kupitia mfuko wa pamoja wa ununuzi wa Stop TB, ushirika wa kimataifa wa kupambana na kifua kikuu. Agosti 2023 ilishuka hadi dola 130. Hakuna jeni iliyotiwa sikioni. Kilichofanyika ni kuuliza dawa hii inaua nini, kuna ipi badala yake, na tunainunuaje.

Swali hilohilo linafaa mbele ya kaunta ya mtaani. Chukua ordonansi ya aina inayoonekana sana mjini: mtu mzima wa kilo 48, homa siku tatu, matokeo yanasema malaria «mbili plasi», na Widal, kipimo cha damu cha kutafuta tifoide, «chanya», basi ni malaria na tifoide. Anaandikiwa kinini ndani ya serumu (dripu) ya glukosi mara tatu kwa siku, siku tatu. Seftriaksoni gramu 1 asubuhi na jioni, siku saba. Jentamisini miligramu 80 mara tatu kwa siku, siku saba. Na vitamini za kuchanganya ndani ya serumu, maji yapate rangi ya njano. Hesabu bila kutaja faranga: serumu 9 na mirija yake, sindano 14 za seftriaksoni, sindano 21 za jentamisini. Kila sindano ina sirinji yake na malipo ya mkono wa muuguzi. Sasa isome kifamasia. Mgonjwa anameza, hatapiki, akili timamu, hajakauka damu: hiyo si malaria kali, ni vidonge 24 vya artemeta-lumefantrini, vinne asubuhi na vinne jioni kwa siku tatu, vinywewe na chakula chenye mafuta kidogo. Kama ingekuwa kali, dawa ni artesunati. Utafiti wa AQUAMAT wa mwaka 2010, uliohusisha watoto 5,425 wa Afrika, wakiwemo wa Kongo, ulionyesha vifo asilimia 8.5 kwa artesunati dhidi ya 10.9 kwa kinini. Artesunati huchomwa saa ya kwanza, ya 12 na ya 24, dakika chache kila mara. Kinini kwa siku moja kinamfunga mgonjwa kwenye mrija saa 12, kinamshusha sukari na kumpigia kengele masikioni. Kengele za kinini kwa kawaida huisha dawa ikiisha, tuseme ukweli huo, nisije nikaitwa mtia hofu.

Jentamisini ndiyo sehemu mbaya zaidi ya karatasi ile. Bakteria wa tifoide hujificha ndani ya seli za mwili, na aminoglikosidi haziingii humo vya kutosha. Maabara inaweza kuonyesha kwenye sahani kwamba jenta inamuua. Ndani ya mtu haimuui. Sindano 21 hizo ni sikio na pesa vinavyotolewa sadaka bila mpokeaji. Widal moja peke yake, katika mji ambao watu wengi wameshakutana na vijidudu vya jamii hiyo, haithibitishi tifoide. Na hata daktari akiwa na sababu nzuri ya kuendelea na seftriaksoni, gramu 2 mara moja kwa siku zinatosha mahali pa gramu 1 mara mbili: dawa ni ileile, sirinji nusu. Kutoka sindano 35 na serumu 9, mgonjwa amebaki na sindano 7, pengine sifuri, na vidonge 24. Huo ndio upunguzaji wa gharama unaoongozwa na mfamasia. Hauhitaji punguzo la msambazaji wala msaada wa mtu yeyote.

Yapo magonjwa ambayo jentamisini inastahili, na hapo kazi ya mfamasia ni kuiweka sawa, si kuifukuza. Mtu mzima yuleyule wa kilo 48 akiihitaji kweli, kipimo ni miligramu 5 kwa kilo kwa siku, yaani 240, ampuli tatu za 80 katika sindano moja. Ni ampuli tatu zilezile zilizokuwa zinagawanywa mara tatu, lakini kwa wiki ni sirinji 7 badala ya 21, figo zinapata nafasi ya kupumua, na mgonjwa hafuatwi usiku wa manane. Kwa sikio, faida ya mara moja kwa siku haijawa wazi kama ilivyo kwa figo; kinacholinda sikio zaidi ni kuhesabu siku na kusimama zikiisha. Mzee mwenye figo dhaifu anahitaji sindano ziachane zaidi. Anayemeza au kuchomwa furosemidi kwa miguu iliyovimba yuko hatarini mara mbili, kwa sababu furosemidi yenyewe inagusa sikio. Na familia ambayo mama mkubwa, mama mdogo au mjomba wa upande wa mama alizibika masikio baada ya sindano inaweza kuwa na badiliko la kurithi ambalo hupita kwa mama, ambapo hata kipimo sahihi kinaua seli. Manchester, Uingereza, mwaka 2022 walionyesha kwamba linaweza kupimwa kwa mtoto mchanga kwa kupangusa shavu la ndani na kupata jibu chini ya nusu saa. Hapa kipimo hicho ni swali moja: «Mama, kwenu kuna mtu aliyeacha kusikia baada ya sindano?»

Kwa mtoto mchanga kosa huwa la nukta. WHO inaweka jentamisini miligramu 5 kwa kilo mara moja kwa siku katika wiki ya kwanza ya maisha, 3 kwa aliyezaliwa na uzito mdogo, kisha 7.5 baada ya wiki hiyo. Mtoto wa kilo 3 anahitaji miligramu 15. Katika ampuli ya 20 kwa mililita 2 hiyo ni mililita 1.5, sirinji ya kawaida inaipima vizuri. Katika ampuli ya 80 kwa mililita 2, ambayo ndiyo imejaa madukani, ni mililita 0.37 au karibu yake, na kwa sirinji ya mililita 5 hakuna mkono unaoweza kuipima. Mtoto anapata mara mbili bila mtu kujua. Famasi inayotoa ampuli ya 80 kwa mtoto mchanga bila kutoa sirinji ya mililita 1 imeuza nusu ya dawa tu. Hilo ni jambo la senti chache.

Matone ya sikio nayo. Sikio linalotoa usaha kwa zaidi ya wiki mbili mara nyingi lina tundu kwenye ngoma yake, na matone yenye neomisini au jentamisini yanaweza kupita hapo hadi ndani kabisa. Ya siprofloksasini ndiyo yanayofaa, mara tatu kwa siku kwa siku 14, na chupa ya macho ya asilimia 0.3 inaweza kutumika sikioni (kinyume chake hapana: ya sikio isiingie jichoni). Lakini matone juu ya usaha hayafanyi kitu. Kitambaa safi cha pamba kinasokotwa ncha, kinawekwa mpaka kilowe, kinabadilishwa mpaka kitoke kikavu, ndipo matone. Si njiti ya kiberiti, si mafuta ya mawese, na si pamba inayoachwa humo siku nzima.

Wanaopinga hoja hii wana neno. La kwanza, kwamba uhai ni mbele ya sikio, ni la kweli kwa mtoto mchanga mwenye maambukizi ya damu: ampisilini na jentamisini zimeokoa wengi kuliko tunavyoweza kuhesabu, na mfamasia anayemtisha mama mpaka akatae sindano hiyo ameua. Ila hoja hii huletwa hata mahali ambapo uhai haupo mezani, kama kwenye tifoide ya Widal, na hapo inageuka kisingizio. La pili, kwamba mfamasia si daktari, nalo ni kweli, na ndiyo maana anachotumia ni simu, wala si kalamu: «Dokta, mgonjwa wako ana kilo 48, anameza vizuri, figo hatujui, jenta tuiendeleze kwa ajili ya nini?» Maneno haya yanachukua dakika moja. Madaktari wachache wanaudhika mara ya kwanza. Mara ya tano wanapiga wao.

Hoja dhaifu kuliko zote ni ile inayosikika zaidi: kwamba dawa ya bei nafuu inayoingia kwa Kasumbalesa, mpakani na Zambia, ni bandia, basi salama ni kununua boksi la ghali lenye jina la Ulaya. Bandia zipo, na nchi hii imelipa. Mwaka 2015 WHO ilitoa onyo kuhusu vidonge vya Ituri vilivyoandikwa diazepamu huku ndani yake mkiwa na haloperidoli. Mamia ya watu, wengi wao watoto, walikakamaa shingo na uso hadi ikadhaniwa ni homa ya uti wa mgongo. Lakini anayeghushi hufuata faida, na faida iko kwenye boksi la ghali vilevile. Bei haipimi ubora. Kinachoupima ni njia dawa iliyopitia: risiti ya bohari inayosambaza dawa, kama CAMELU hapa Lubumbashi au ASRAMES kule Goma, namba ya toleo inayolingana kwenye boksi na kwenye ampuli, tarehe isiyokwanguliwa, na usajili wa ACOREP, mamlaka ya dawa ya Kongo. Karatasi ya ndani iliyoandikwa Kiingereza pekee si ushahidi wa ubandia, jirani yetu ni Zambia. Ni ushahidi kwamba dawa huenda haikukusudiwa soko hili, na inatosha kuuliza.

Pingamizi zito kweli halisemwi kwa sauti: mfamasia anaishi kwa faida ya asilimia juu ya anachouza. Ukimwomba afute sindano 28 kwenye ordonansi unamwomba afute chakula chake. Na katika maduka mengi ya dawa ya mtaani anayekaa kaunta hakusoma famasia, amefundishwa kuuza. Mahubiri ya maadili hayatibu hilo. Marekani iligundua kwamba mikataba ya bima ilikuwa inawakataza wafamasia kumwambia mgonjwa kuwa kulipa taslimu kungekuwa nafuu zaidi, ikabidi sheria mbili zipitishwe Oktoba 2018 kuwafungua midomo. Ufaransa iliwapa haki ya kubadili dawa ya jina kwa dawa sawa ya bei nafuu mwaka 1999, na tangu 2015 inawalipa ada ya kutoa dawa ambayo haitegemei tu bei ya boksi. Funzo ni moja: anayetaka mfamasia apunguze bili amlipe kwa kusoma ordonansi.

Nani alipe Lubumbashi? Mgonjwa wa Kamalondo anayehesabu noti moja moja hawezi kuanzisha mfumo. Wanaoweza ni waajiri. Sheria ya kazi ya Kongo inamtwika mwajiri matibabu ya mfanyakazi na familia yake, na katika mji wa migodi hilo ni kundi kubwa la wagonjwa wenye mlipaji mmoja. Tena walipaji hao ndio wenye kelele. Anayesimama kwenye desibeli 85 ana saa nane salama; zikiongezeka 3, saa zinabaki nne; kwenye 94 ni saa moja tu, na mashine ya kuvunja mawe haishii hapo. Majaribio kwa wanyama yanaonyesha kwamba kelele na aminoglikosidi zikikutana zinaharibu sikio kuliko jumla ya kila moja peke yake. Kwa hiyo kumchoma jentamisini mfanyakazi wa kiwandani kwa ajili ya tifoide ya Widal kisha kumrudisha kwenye mashine Jumatatu ni hesabu mbaya hata kwa mhasibu asiyejali masikio: amelipa sindano zisizotibu, na amejinunulia mfanyakazi ambaye hatasikia honi ya lori.

Mkataba kati ya kampuni na famasi zake unaweza kubadilishwa bila kusubiri Kinshasa. Ada ndogo isiyobadilika kwa kila ordonansi iliyosomwa na kusainiwa na mfamasia mwenyewe, badala ya asilimia. Uzito wa mgonjwa uandikwe, la sivyo hakuna aminoglikosidi inayotoka. Siku za sindano zihesabiwe kwenye boksi kwa kalamu, ya saba iwe ya mwisho mpaka daktari aseme tena kwa maandishi. Kila siku muuguzi aulize kama masikio yanalia au kichwa kinazunguka, na jibu la ndiyo lisimamishe sindano hadi daktari aamue. Kila mwezi mfamasia ampelekee mlipaji karatasi moja: sindano zilizoandikwa, zilizotolewa, zilizofutwa kwa makubaliano na daktari, na tofauti ya fedha.

Na mzazi mwenye video ile mkononi? Kama mtoto alizaliwa hasikii na hakuna sindano wala homa kali iliyotangulia, ana haki ya kuulizia kipimo cha masikio mapema, kabla ya mwaka wa kwanza kuisha, na kuanza lugha ya ishara wakati majibu yanatafutwa. Kama alisikia kisha akaacha, karatasi ya kupeleka kwa daktari wa masikio ni ile ya sindano: dawa gani, miligramu ngapi, siku ngapi. Mara nyingi karatasi hiyo haipo, kwa sababu ordonansi ilibaki famasi na daftari la kituo liliandika neno moja tu, «jenta».